Kabla ya kuuliza kama tuwe na kadhi, tuulize atawajibika kwa nani

Ndugu Mhariri,

Mjadala wa Mahakama ya Kadhi hapa Tanzania Bara una desturi ya kuzuka kila unapokaribia uchaguzi au mabadiliko ya Katiba, kisha hunyamaza bila ya jambo lolote kuamuliwa. Wanaoitaka husema kwamba ni haki ya Waislamu iliyoondolewa baada ya uhuru, na wanaoipinga husema kwamba nchi isiyo na dini haiwezi kugharimia mahakama ya dini moja. Naomba nafasi katika ukurasa wako nieleze kwa nini naona kwamba pande zote mbili zinaianza historia katikati. Zote zinamchukulia kadhi kuwa ni idara ya serikali, ambayo ama irudishwe ama iachwe kama ilivyofutwa. Historia ya pwani yetu inatuonyesha mtu tofauti: mwanachuoni aliyepata heshima yake kwa watu kwanza, ambaye madola yaliyofuatana yalimlipa, yakamtumia, yakampunguzia kazi na mara nyingine yakamfunga au kumfuta. Uhusiano huo baina ya elimu ya dini, mamlaka ya nchi na watu wa kawaida ndio unaopaswa kutengenezwa, na sheria yoyote itakayoandikwa bila ya kuutazama itarudia makosa ambayo tayari yamekwisha kutugharimu.

Tuanze mbali kidogo. Msafiri wa Morocco, Ibn Battuta, alipofika Mogadishu mwaka 1331, kabla ya kushuka kusini hadi Mombasa na Kilwa, alimkuta huko kadhi mwenye asili ya Misri aliyeitwa Ibn al-Burhan. Msafiri huyo, ambaye mwenyewe alikuwa mwanasheria, aliandika kwa makini namna mashauri yalivyoamuliwa pale. Mambo ya sharia yaliamuliwa na kadhi, na mambo mengine yaliamuliwa na mawaziri na maamiri waliokaa katika baraza, na palipohitajika rai ya mtawala aliandikiwa, naye akajibu kwa maandishi nyuma ya karatasi ile ile. Yaani karibu miaka 700 iliyopita, katika mji wa pwani hii ya Afrika Mashariki, palikuwa na mpaka unaojulikana baina ya hukumu ya mwanachuoni na amri ya mtawala. Sisemi kwamba kadhi yule alikuwa huru kabisa, kwa kuwa alikaa ndani ya baraza la mtawala na alikuwa katika msafara wake. Ninachosema ni kwamba mtawala hakudai kuwa yeye ndiye chimbuko la sharia, na kila mtu mjini alilijua hilo.

Uhuru wa kadhi wa zamani, kwa kadiri alivyokuwa nao, ulitokana na mambo ambayo serikali haikuyatoa na kwa hiyo haikuweza kuyanyang'anya. Elimu yake ilithibitishwa na walimu wake kwa ijaza, yaani idhini ya kufundisha, na walimu hao walikuwa Lamu, Barawa, Hadhramaut au Makka. Misikiti na madrasa zilitunzwa kwa mali za wakfu, yaani mashamba, minazi, visima na nyumba zilizofungwa na wenyewe kwa ajili ya kheri. Tena watu hawakulazimika kumtegemea yeye peke yake, kwa sababu aliyetilia shaka fatwa ya sheikh mmoja aliweza kwenda kwa mwingine. Kadhi aliyepotoka alipoteza wanafunzi wake na majirani zake kabla mtawala hajamwuzulu.

Dola ya Omani ilipohamishia makao yake Unguja chini ya Seyyid Said, uhusiano huo uliingia katika mtihani mkubwa. Mtawala alikuwa Ibadhi na raia wake wengi wa pwani na visiwani walikuwa Masuni wa madhehebu ya Shafii. Seyyid Said hakuwalazimisha kufuata madhehebu yake. Aliwaacha wahukumiwe na makadhi wao, na kadhi wa Kiibadhi akakaa sambamba nao. Wanavyuoni wakubwa waliotoka Barawa, kama vile Sheikh Muhyiddin al-Qahtani na Sheikh Abdulaziz al-Amawi, walipata ukadhi katika dola ambayo wakubwa wake hawakuwa wa madhehebu yao. Mimi nauona utaratibu huo kuwa ni moja ya mambo bora kabisa yaliyopata kufanywa na watawala wa sehemu hizi, na inasikitisha kwamba hautajwi katika mijadala yetu, kana kwamba kuheshimu tofauti za dini ni jambo tulilofundishwa na wageni waliokuja baadaye.

Lakini ukaribu huo na dola ulikuwa na upande wake wa pili. Mwanawe, Seyyid Barghash, aliyetawala kuanzia mwaka 1870 hadi 1888, hakuwa na subira ya baba yake katika jambo la madhehebu. Sheikh Ali bin Abdallah Mazrui wa Mombasa, aliyeacha Uibadhi akawa Msuni na kuufundisha kwa bidii, alitiwa gerezani na Barghash, na hakufunguliwa mpaka Sultani huyo alipofariki na ndugu yake Khalifa kushika nafasi. Sultani Mwislamu alimfunga mwanachuoni Mwislamu kwa ajili ya mafundisho ya dini. Wale wanaodhani kwamba dola ikiwa na Uislamu basi wanavyuoni wamesalimika, na walisome tukio hilo kwa utulivu.

Wakoloni walipoingia, jambo moja lilitokea ambalo kwa maoni yangu linaeleza tofauti iliyopo leo baina ya Kenya na Tanzania Bara kuliko hotuba zote tulizosikia. Mwaka 1890 Wajerumani walimlipa Sultani wa Zanzibar mark milioni 4 ili awaachie moja kwa moja pwani ya Mrima. Mamlaka ya Sultani juu ya Tanga, Bagamoyo, Dar es Salaam, Kilwa na Lindi yakaishia hapo, na hapakubaki mkataba wowote wa kudumu wa kulinda sharia katika miji hiyo. Upande wa kaskazini, Waingereza hawakununua, walikodi. Kwa mapatano ya tarehe 14 Desemba 1895 ukanda wa maili kumi wa pwani ya Kenya uliendelea kuwa mali ya Sultani kwa jina, bendera yake ikapepea Mombasa, na Waingereza wakautawala kwa kulipa kodi ya kila mwaka na kwa kukubali kuacha dini na mahakama za makadhi ziendelee. Kwa hiyo kadhi wa Mombasa alikuwa na hati ya kimataifa nyuma yake. Kadhi wa Tanga alibaki na desturi tu, na hiari ya mtawala aliyekuwapo.

Hata hivyo tusidanganyike kwamba hati hiyo ilimhifadhi kadhi wa Kenya au wa Unguja kama alivyokuwa. Waingereza walimpa mshahara, cheo na muhuri, wakampanga katika ngazi pamoja na liwali na mudiri, yaani maofisa wa utawala wa miji na wilaya, kisha hatua kwa hatua wakamwondolea mashauri ya jinai na sehemu kubwa ya mashauri ya madai, mpaka akabaki na ndoa, talaka na mirathi. Rufaa za hukumu zake zilikwenda kwa majaji wa Kiingereza. Na hapo ndipo palipotokea jambo la wakfu, ambalo ningependa kila mbunge alijue.

Mwaka 1894 baraza la juu la rufaa la ufalme wa Uingereza huko London liliamua shauri kutoka Bengal, India, kwamba wakfu uliowekwa kwa ajili ya kizazi cha mwenye mali, huku sehemu ya masikini ikiwa ni ya mbali mno, haukuwa wakfu halali. Wanavyuoni wa India walishangaa, kwa kuwa wakfu wa namna hiyo ulijulikana tangu zamani, na mwaka 1913 ilibidi itungwe sheria maalumu huko kuuhalalisha. Lakini uamuzi ule wa India ulivukishwa bahari ukaletwa kwetu, na mwanzoni mwa miaka ya 1950 baraza hilo hilo lilishikilia kwamba wakfu wa familia wa pwani ya Kenya nao ulikuwa batili, ingawa watu wa pwani walikuwa Mashafii wenye vitabu vyao vya sharia na makadhi wao walikuwa hai na waliweza kuulizwa. Sheria ya Kamishna wa Wakfu ya Kenya ya mwaka 1951 ndiyo iliyokuja kuukubali tena wakfu wa familia. Kwa muda mrefu, basi, maana ya sharia ya Waislamu wa Mombasa iliamuliwa London kwa kutumia shauri la Bengal, na kadhi mwenye mshahara wa serikali hakuwa na uwezo wa kuzuia. Zanzibar nako, mali za wakfu ziliwekwa chini ya kamisheni ya serikali tangu mwanzoni mwa karne ya 20. Huo ndio msingi wa kiuchumi uliokuwa ukiwapa wanavyuoni nafasi ya kusimama bila ya kuomba, na ulihamia mikononi mwa maofisa.

Ndani ya hali hiyo palitokea watu waliokataa kuwa makarani wa serikali tu. Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui, mtoto wa yule sheikh aliyefungwa na Barghash, alifanywa Kadhi Mkuu wa Kenya mwaka 1937 na akabaki katika kazi hiyo mpaka alipofariki mwaka 1947. Lakini jina lake lilikuwa limekwisha kujengeka kabla ya hapo, kwa darsa zake na kwa magazeti yake mawili, Sahifa lililoanza mwaka 1930 na al-Islah lililofuata mwaka 1932, ambayo aliyatumia kuwahimiza Waislamu wasome, waache israfu katika maarusi na matanga, na wasiige kila la Wazungu bila ya kupima. Watu wa Mombasa walimheshimu kwanza, serikali ikamwajiri baadaye. Mpangilio huo ndio ninaoutetea katika barua hii.

Kenya ilipokaribia uhuru, suala la ukanda wa pwani lilikuwa moto, na wapo waliotaka Mwambao ujitenge. Tarehe 5 Oktoba 1963 Jomo Kenyatta na Mohamed Shamte, waziri mkuu wa Zanzibar, walibadilishana barua ambazo ndani yake Kenya iliahidi kulinda uhuru wa ibada, mamlaka ya Kadhi Mkuu na makadhi wengine, pamoja na hati za ardhi za watu wa pwani, na Sultani akaachia madai yake. Ahadi hiyo iliingia katika Katiba, ikafuatwa na Sheria ya Mahakama za Makadhi ya mwaka 1967. Mwezi Mei 2010 Mahakama Kuu ya Kenya ilitamka kwamba kuwekwa kwa makadhi katika Katiba ya zamani kulikwenda kinyume cha usawa wa dini, na makanisa mengi yalipinga Katiba mpya kwa sababu hiyo miongoni mwa nyingine. Lakini wananchi waliipitisha katika kura ya maoni ya tarehe 4 Agosti mwaka huo kwa takriban thuluthi mbili. Ibara ya 170 inasema kwamba kadhi atasikiliza mambo ya hadhi ya mtu, ndoa, talaka na mirathi, pale tu wahusika wote watakapokuwa Waislamu na watakapokubali kuhukumiwa naye. Huteuliwa na tume ya utumishi wa mahakama, ile ile inayoshughulikia mahakimu.

Ndugu zetu wa Bara wanaosema "Kenya wanaye, kwa nini sisi tusiwe naye" wanasahau kwamba Kenya ilimpata kadhi kwa mkataba wa kisiasa uliohusu ardhi na mipaka. Sisi hatukuwa na mkataba huo. Vilevile wanaosema kwamba Serikali ya Tanganyika ilifuta makadhi kwa chuki dhidi ya Uislamu hawasemi habari yote. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 1963 ilifuta pia mahakama za machifu na za kienyeji nchi nzima, kwa nia ya kuwa na ngazi moja ya mahakama kwa raia wote, na nia hiyo mimi naiheshimu. Sharia yenyewe haikufutwa. Mwaka 1964 ilitungwa hata sheria ya kuruhusu kanuni zake kuandikwa rasmi ili zitumike mahakamani. Kilichoondoka ni mwanachuoni. Hakimu akabaki na sharia mikononi bila ya mtu mwenye kuijua kukaa naye, isipokuwa wazee wa baraza kama walikuwapo na kama walielewa.

Kilichoniuma zaidi katika historia yetu ni mwaka 1968. Sheikh Hassan bin Ameir, mwanachuoni mkubwa aliyekuwa pamoja na TANU katika harakati za uhuru, aliondolewa Bara akarudishwa Zanzibar. Mwezi Desemba mwaka huo Jumuiya ya Ustawi wa Waislamu wa Afrika Mashariki, iliyokuwapo tangu mwaka 1945, ilipigwa marufuku, na BAKWATA, yaani Baraza Kuu la Waislamu wa Tanzania, ikaundwa katika mkutano uliofanyika Iringa. Sipendi kuwalaumu waliofanya kazi BAKWATA kwa miaka yote hii, maana wengi wao waliwatumikia watu kwa ikhlasi. Lakini chombo kilichozaliwa kwa njia hiyo hakikuweza kuondokana na shaka ya Waislamu wengi kwamba kilikuwa kinasikiliza upande wa serikali kwanza. Shaka hiyo ndiyo iliyoua kila jaribio la baadaye. Muswada wa kumtambua kadhi ulipofikishwa bungeni na hatimaye kuondolewa mwaka 2015, upinzani haukutoka kwa maaskofu peke yao. Wapo masheikh walioukataa pia, wakiuliza kadhi huyo angekuwa wa nani.

Wanaoumia katika mvutano huu ni wanawake. Kila mahali pwani palipo na kadhi, wanaobisha hodi kwake kwa wingi ni wake wanaodai matumizi, talaka au mahari yao. Hapa Bara, mwanamke aliyeolewa Kiislamu na kutelekezwa huanza kwa sheikh wa mtaa, akaenda baraza la usuluhishi, na kwa mujibu wa Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 hana talaka mbele ya dola mpaka mahakama itoe amri yake. Sheria hiyo, katika kifungu cha 107, inaiagiza mahakama kuivunja ndoa ya Kiislamu pale baraza litakapokuwa limeshindwa kuwapatanisha na mmoja wao akawa amefanya jambo ambalo katika sharia linavunja ndoa. Ni kifungu chenye busara. Lakini nani atamwambia hakimu kwamba jambo hilo limefanyika sawasawa? Mume hutoa talaka barazani kwake na kuondoka. Mke hubaki na karatasi ya sheikh ambayo mahakama haiihesabu kuwa ni talaka, au na hukumu ya mahakama ambayo majirani zake hawaihesabu kuwa ni talaka, na hawezi kuolewa tena kwa amani. Mwanamke huyo amekwama baina ya dola na dini, na mabishano yetu kuhusu usekula hayamsaidii chochote.

Zanzibar, ndani ya Jamhuri hii hii, ina mahakama za makadhi kwa sheria ya mwaka 1985 iliyobadilishwa na ile ya mwaka 2017, na ina ofisi ya Mufti kwa sheria ya mwaka 2001. Ni faraja kwa wenye mashauri, nami nasifu kwamba mlango upo. Hata hivyo viongozi hao huteuliwa na Rais wa Zanzibar, na sheikh anayeshika cheo kwa hati ya Rais hutazamwa na waumini kwa jicho hilo, hata awe mcha Mungu kiasi gani. Katiba ya Muungano, katika ibara ya 19, inasema kwamba uendeshaji wa jumuiya za dini utakuwa nje ya shughuli za mamlaka ya nchi. Wanaoipinga Mahakama ya Kadhi huinukuu ibara hiyo kila siku, lakini sijawasikia wakiitumia kuuliza kwa nini dola imekuwa na mkono katika uongozi wa Waislamu tangu mwaka 1968.

Rai yangu, Ndugu Mhariri, ni kwamba kadhi atambuliwe kwa mashauri ya ndoa, talaka na mirathi, pale wahusika wote wawili watakapokubali kwa hiari yao, na mke awe na haki kamili ya kwenda mahakama ya kawaida bila ya kuitwa mwasi. Gharama zake zitokane na wakfu utakaosimamiwa na Waislamu wenyewe kwa hesabu zinazokaguliwa na kutangazwa, ili asiwepo mlipa kodi wa dini nyingine mwenye kulalamika na asiwepo waziri mwenye kumtishia kwa mshahara. Hukumu yake isajiliwe mahakamani na iweze kukatiwa rufaa mbele ya jaji anayekaa pamoja na wanavyuoni. Najua kwamba Waislamu wenyewe hawajakubaliana juu ya nani awakilishe nani, na kwamba Masuni, Mashia na Maibadhi watataka kila mmoja ahukumiwe kwa madhehebu yake. Unguja ya Seyyid Said ililiweza jambo hilo bila ya kompyuta wala tume.

Muswada ukirudi bungeni, nawaomba wabunge na masheikh waanze kusoma kifungu kinachosema nani atamteua kadhi na nani ataweza kumwondoa, na kwa sababu zipi zitakazoandikwa wazi. Kifungu hicho kikimpa uwezo huo waziri au kiongozi yeyote wa siasa, basi waukatae, hata kama vifungu vingine vyote vitawapendeza.

Wako katika ujenzi wa taifa,

Msomaji wenu,
Tanga